Kumvua Zimwi Uso

Mlinzi wa jengo lililopakana na saluni yangu alikuwa akinisalimia kwa Kiswahili kila asubuhi, na kila asubuhi nilimjibu huku nikiendelea kufagia. Hakuwa amenikosea lolote. Alikuwa mtu mzima, mrefu, mwenyeji wa kaskazini mwa Uganda, mwanajeshi mstaafu ambaye, kama wastaafu wengi, aliishia kulinda milango ya watu. Sikio lake la kushoto lilikuwa limekatika nusu, na kutoka hapo kovu lilishuka mpaka kwenye taya. Kovu halikunisumbua, vichwani mwa wateja nimeona makubwa zaidi. Kilichonisumbua ni mwendo wake. Alikanyaga kwa kisigino kwanza, kwa uzito, hata akiwa amevaa ndala, na mimi nilihama kwetu mashariki mwa Kongo kwa sababu ya watu waliotembea hivyo.

Saluni iko Kalerwe, hapa Kampala, nyuma ya wauza matoke, chumba kimoja chenye vioo viwili na benchi la wanaosubiri. Wanaokuja ni wanawake wa sokoni, wanafunzi, na Wakongo wenzangu ambao husuka nywele kidogo na kuzungumza sana. Kiganda nakijua, cha kugombana na cha kupatana. Ila nikishtuka au nikifurahi Kiswahili hutoka chenyewe, na kila kinapotoka naona kwenye kioo mabega ya mteja yakipanda. Watu wa makamo wa Kampala hawakukutana na Kiswahili jikoni. Walikutana nacho kwenye vizuizi vya barabarani, kutoka kwa watu wenye bunduki. Mimi mama yangu aliniogesha kwa Kiswahili, akanibembeleza kwa Kiswahili, na akanichapa kwa hicho hicho. Kuwaeleza watu jambo hilo nilishaacha zamani.

Mteja wangu mmoja wa siku nyingi, binti wa Kyebando aliyesomea mambo ya filamu chuoni, alinijia siku moja akasema anatengeneza filamu yake mwenyewe. Nilipokuwa namsuka akanisimulia yote. Kulikuwa na nchi ya kale, wenye panga, msichana aliyeweza kuzungumza na maji, na bwana wa giza aliyetaka kuikausha nchi nzima. Bwana huyo haonekani tangu mwanzo mpaka mwisho. Ni sauti tu, na baadaye nilishuhudia wakiirekodi, kaka yake binti akiwa ameingiza kichwa kwenye pipa tupu la maji. Wanaoonekana ni askari wake wa miguu, mazimwi wasio na majina, wanaotumwa kuchoma na kuteka na ambao hufa kwa wingi kila wanapotokea.

Alitaka mtu wa kuwatengenezea nyuso. Akasema mimi nikibandika wigi, halitoki hata mtu akilala nalo mvuani, basi nitaweza na hili.

Nilikubali kwa furaha. Kwa majuma kadhaa saluni ilikuwa na harufu ya gundi na masizi. Nilikata sponji za magodoro yaliyochakaa, nikazichonga paji, pua na mashavu, nikazifunika kwa mpira wa tyubu za baiskeli, kisha nikapaka rangi ya udongo na masizi, nikapachika vishungi vya nywele bandia pale ambapo hazitarajiwi. Wateja walicheka. Mmoja alijivika pua ya zimwi, akajipiga picha nayo akiwa chini ya mashine ya kukaushia.

Siku moja binti alileta maneno ya waigizaji. Nikamsikiliza akisoma, na baada ya muda nikagundua kwamba watu wema wote walikuwa wanaongea Kiganda, na mazimwi walikuwa wanaongea Kiswahili. Nikamwuliza sababu.

Alinitazama kupitia kioo. "Mama, usinichukie," alisema. "Hapa mtu akisikia Kiswahili, tumbo linamkaza. Sitakuwa na haja ya kumweleza kwamba hawa ni wabaya."

Nikaendelea kusuka. Nilimaliza mstari ule, nikaanza mwingine. Kisha akaomba, kwa sauti ya chini, kama ningeweza kuwafundisha waigizaji matamshi. Nilifikiri kumkatalia. Halafu nikaona kwamba kama mazimwi lazima waongee lugha ya mama yangu, basi afadhali waiongee vizuri. Nikasema ndiyo.

Mazimwi walikuwa waendesha boda wa stendi ya Kyebando pamoja na mafundi wachache wa matofali. Habari zilienea, na mchana mmoja mlinzi wa jirani aliingia saluni kwa mara ya kwanza. Alivua kofia, akasimama mlangoni, akauliza kama ni kweli wanaoigiza wanapewa chakula cha mchana. Nikamwambia ni kweli. Binti, aliyekuwa ameketi kwenye benchi, alimtazama juu mpaka chini na macho yakamng'aa. Alihitaji mtu wa kuwafundisha wale vijana wa boda kutembea kama jeshi. Kisha akanigeukia, akaonyesha uso wa mzee kwa kidole, akaniambia kwa Kiganda kwamba huyu hatanipa kazi, nusu ya uso wa zimwi ameshakuja nayo.

Hakuwa na ubaya. Alikuwa na haraka tu na furaha. Lakini mlinzi alikuwa amekaa Kampala miaka mingi na Kiganda alikisikia. Alibaki amesimama. Kisha akasema, "Sawa, madam," akavaa kofia, akatoka.

Mazoezi tulifanyia kwenye kiwanja cha kanisa huko Kyebando. Mlinzi aliwapanga vijana, akawafundisha kugeuka, kusimama, kushika mapanga ya mbao. Ilipofika zamu yangu nilisimama mbele yao na karatasi. Kamateni wote. Chomeni nyumba. Bwana ameamuru. Vijana wa boda walisema "Bwana ameamulu", nikawarekebisha, wakarudia vilevile, tukacheka mpaka mimi mwenyewe nikakaa chini. Zamu ya mlinzi ilipofika, alisema maneno yale mara moja tu. Hakupaza sauti. Aliyasema taratibu, kama mtu anayetaja kitu anachokijua kwa mkono, na kiwanja kizima kikanyamaza. Niliinama kwenye mfuko wangu nikajifanya natafuta kitana, na nilikitafuta kwa muda mrefu.

Usiku nilijiambia ni mwigizaji mzuri tu. Lakini swali lilikuwa limeingia na halikutaka kutoka. Mpakani kwetu, miaka ile, majeshi na makundi yalikuwa mengi, magwanda yakifanana, na wanajeshi wengi wa umri wake walipita huku na huku. Sikutaka kujua. Asubuhi aliponisalimia nilimjibu kama kawaida, nikiwa nimeinama na fagio.

Siku ya kupiga picha tulikwenda Ggaba, kando ya ziwa, mbele ya mwalo wa samaki, mahali penye mafunjo marefu na tanuri la matofali lililoachwa. Vijana walikuwa wamejenga kibanda cha matete kitakachochomwa. Binti alikuwa amezungumza na mwenyekiti wa mtaa wa upande huo, akaruhusiwa. Mimi nilitandika turubai kivulini, nikapanga vyombo vyangu, nikaanza kuwavika nyuso mmoja baada ya mwingine. Mlinzi nilimwacha wa mwisho. Pale penye kovu ngozi ilikuwa laini na yenye kung'aa, gundi haikushika, ikabidi nipake tabaka juu ya tabaka na kushikilia kwa kiganja mpaka ikauke. Wenzake walikuwa wameshashuka kwenye mafunjo. Tulibaki wawili.

Nilikuwa napunguza ukingo wa mpira chini ya taya yake kwa wembe aliponiuliza, "Mama, wewe ni mtu ya upande gani kule Kongo?"

Nikamjibu, mashariki. Akasema mashariki ni kubwa. Nikamtajia barabara, kisha mto. Sijui kwa nini nilitaja mto. Nilihisi taya yake ikikaza chini ya vidole vyangu.

"Huko mimi nilipita," akasema.

Wembe ulikuwa kwenye shingo yake. Sikuutoa, na sikuusogeza.

Niseme hapa jambo lililotupata, ili ieleweke nilikuwa nasikia nini. Ilikuwa alasiri. Mama alikuwa amebandika maharage, mimi nilikuwa namsuka dada yangu nje, na majirani wakaanza kupita mbio bila kupiga kelele. Hiyo ndiyo ishara mbaya kuliko zote, watu wanaokimbia kimya. Tuliingia migombani, kutoka hapo msituni. Bibi, mama yake baba, hakuweza kukimbia. Baba alirudi kumchukua. Tulimsubiri usiku ule na siku zilizofuata, na hatukumwona tena, yeye wala bibi, wala hatukupata mtu wa kutuambia ni akina nani walioingia kijijini siku hiyo.

Nikamwuliza mlinzi, "Mlikuta nini kwenye vijiji?"

"Watu alikuwa amekimbia yote. Sufuria iko kwa moto. Sisi tulikula."

"Maharage?"

"Mara mingi ilikuwa maharage."

Nikamwuliza kama hawakukuta mtu yeyote. Kutoka kwenye mafunjo nilisikia vijana wa boda wakitaniana na binti akiwaomba wanyamaze.

"Siku ingine tulikuta," alisema. "Mzee. Mgonjwa."

"Mkawafanya nini?"

"Ilikuwa kwa mkubwa mwenye alikuwa na sisi siku hiyo. Mkubwa mwingine anasema acha. Mwingine hasemi acha."

"Na wewe?"

Macho yake yalikuwa ndani ya matundu ya sponji niliyoyakata mwenyewe. "Mimi nilibeba bunduki, mama. Siwezi kukudanganya nilibeba maji."

Binti aliita. Jua lilikuwa linaondoka mahali alipolitaka. Nilitoa wembe, nikaufunga kwenye karatasi, nikabandika kipande cha mwisho kwenye kidevu. Mikono yangu ilifanya kazi yenyewe. Mlinzi akainuka, zimwi kamili kutoka paji mpaka shingoni, akachukua panga lake la mbao na kushuka. Mimi nilikwenda kukaa nyuma ya tanuri, mahali ambapo nisingeona mafunjo, kwa sababu nilijua nini kitatokea: wanaume wenye nyuso nyeusi watatoka kwenye majani marefu, kimya, wakielekea kwenye nyumba yenye moshi. Nilikuwa nimewatengeneza mwenyewe, na sikuweza kuwatazama.

Binti hakuridhika na mwanga. Akawahamisha mazimwi wake mbele zaidi, ng'ambo ya mfereji, akiwaambia watokee kule. Hakujua, au hakukumbuka, kwamba kule ni mtaa mwingine wenye mwenyekiti mwingine. Kulikuwa na wanawake wanaoanika mukene, wale dagaa wa ziwani, na wengine wanaofua. Miezi ile Kampala ilijaa habari za majambazi wanaovamia nyumba kwa mapanga. Wanawake wale wakainua macho wakaona majani yanapasuka na wanaume wasio na nyuso za watu wanatoka na mapanga mikononi.

Mayowe niliyasikia kutoka nyuma ya tanuri. Mtu wa kwetu haulizi mayowe yametoka wapi. Nilisimama, na kwa mara ya kwanza maishani nikakimbia kuelekea yaliko.

Nilipofika, watu wa mwaloni walikuwa wameshajaa, wengine na fimbo, wengine na makasia, na bado walikuwa wanakuja. Vijana wa boda walikuwa wametupa mapanga na kujibandua nyuso huku wakilia kwa Kiganda kwamba ni mchezo tu. Mmoja alikuwa ameshapata binamu yake kwenye umati na amemkumbatia. Wao nyuso zilitoka, kwa sababu nilizibandika harakaharaka. Mlinzi uso wake haukutoka. Niliona akiuvuta kwa vidole bila kufaulu. Halafu akaacha. Alisimama wima, akainua mikono juu, na akafanya lile ambalo miaka yote ya jeshi ilimfundisha kufanya mbele ya watu wenye hasira.

"Tulieni," alisema. "Msikaribie. Tulieni."

Aliyasema kwa Kiswahili, kwa sauti ile ya kiwanja cha kanisa, na nikasikia umati ukivuta pumzi. Jiwe la kwanza lilimpata begani. La pili likapita karibu na kichwa chake. Binti alikuwa upande wa pili akipiga kelele kuhusu filamu na kamera, naye hakuna aliyemsikia. Nikajipenyeza. Nilisukuma watu kwa viwiko mpaka nikafika katikati na kusimama kando yake, na ndipo nikatambua kwamba sikuwa na mpango wowote.

Mwanamke mmoja alikuwa mbele kabisa, muuza samaki wa kukaanga, mnene, kanga yake imelowa mafuta, mkononi ana kijiko kikubwa chenye matundu. Aliniuliza kwa Kiganda mimi ni nani. Nilifungua kinywa nimjibu kwa Kiganda, na kwa hofu niliyokuwa nayo likatoka neno la Kiswahili. Mtu akanishika nguo mgongoni. Muuza samaki akainua kijiko chake kuwazuia. Akanitazama vizuri, kisha akakitafuta Kiswahili chake, kidogo kile cha kuuzia samaki Wakenya na Wakongo.

"Wewe najua huyu muntu?"

Nilimgeukia mlinzi. Hakuniomba kitu. Alikuwa anapumua kwa nguvu kupitia matundu ya pua niliyoyatoboa kwa mkasi. Nilikuwa na jibu la hapana, na lisingekuwa uongo mkubwa. Hata jina lake kamili sikulijua. Nilikuwa pia na jibu la ndiyo, namjua, leo hii amenieleza yeye ni nani. Nilisimama na majibu yote mawili mdomoni. Nilifikiri juu ya baba, kama naye alisimama hivi, kama kulikuwa na mtu pembeni ambaye angeweza kusema neno, na huyo mtu akatazama chini.

"Namjua," nikasema. "Ni jirani yangu. Ni mtu."

"Toa hiyo sula, tuone."

Mfuko wangu wenye mafuta ya kuondolea gundi ulikuwa umebaki kwenye turubai. Nikaanza kwa kucha. Paji lilitoka kwa shida, pua ikafuata, lakini mashavu yaligoma, na kijana mmoja aliyeshika jiwe akawa ananiambia niharakishe, niharakishe. Nikamwambia muuza samaki nahitaji mafuta, mafuta yoyote. Alipiga kelele kwa mtu nyuma yake, chupa ikapitishwa mkono kwa mkono juu ya vichwa, akaifungua mwenyewe na kunimiminia viganjani. Yalikuwa mafuta ya kukaangia, yenye harufu ya samaki. Nilimpaka mlinzi usoni kama anavyopakwa mtoto. Gundi ikaanza kulegea. Upande wa kovu haukulegea, nikavuta, na ngozi ikatoka pamoja na mpira. Damu ilishuka shingoni. Alifumba macho tu, na mikono yake bado ilikuwa juu.

Chini ya zimwi kulikuwa na mzee. Ndevu fupi zenye mvi, jasho, midomo inayotetemeka. Nadhani hata mimi sikuwa nimemwona kabla ya hapo. Kasia lililokuwa limeinuliwa likashushwa. Kijana mwenye jiwe hakulitupa, ila alianza kulitazama kama hajui limefikaje mkononi mwake. Muuza samaki akachukua ncha ya kanga yake akamfuta mlinzi mafuta yaliyokuwa yanaingia machoni.

"Kumbe ni muzee," akasema.

Mwenyekiti aliyeturuhusu alifika akihema, akiwa na mwenzake wa mtaa ule, wakaeleza, wakagombana wao kwa wao, na watu wakaanza kuondoka taratibu kurudi kwenye samaki wao. Kibanda hakikuchomwa siku hiyo. Vijana wa boda walipanda pikapu. Mimi nilikaa kando ya mlinzi, nikikandamiza kitambaa kwenye taya yake, kwa kuwa jeraha lilikuwa la mkono wangu. Tulikuwa tumeshafika mjini alipozungumza.

"Mama, ungeweza kusema hapana."

"Ningeweza," nikamjibu.

Aliteremka Kalerwe, akaenda kuvaa sare yake ya ulinzi, kwa maana zamu yake ilikuwa inaanza.

Majuma machache baadaye binti alikuja saluni na kompyuta yake, akaomba nimwite mlinzi. Alifunga mlango. Alikuwa na wasiwasi na furaha kwa pamoja, na aibu pia. Mpiga picha wake hakuzima kamera siku ile. Akatuonyesha. Kila kitu kilikuwemo: umati, makasia, mgongo wangu, mikono yangu ikiubandua uso wa zimwi kipande kwa kipande mpaka mzee akatokea. Alisema ndicho kitu pekee cha kweli kwenye filamu yake nzima. Alisema watu wataona zimwi likigeuka binadamu mbele ya macho yao, na hatathubutu kukitumia bila idhini yetu.

Mlinzi alitazama mpaka mwisho akiwa amekaa wima, mikono magotini. Kisha akasema aulizwe mama, kwa sababu mikono ni ya mama.

Nikakataa. Binti alitaka kujua kwa nini. Nilimwambia kwamba watu wataangalia, watafurahi, watarudi nyumbani wakidhani jambo limekwisha. Akauliza jambo gani. Mlinzi alikuwa anatazama sakafu. Nikamwambia binti kwamba ni jambo letu, na kwamba mikono yangu haijasema kitu ambacho picha ile inasema. Aliteta kidogo, akalia kidogo, mwisho akaifuta picha mbele yetu. Angalau alibonyeza mahali tukaona imetoweka. Hakuja kusuka kwangu kwa muda mrefu baada ya hapo. Alirudi baadaye, tukasalimiana kama zamani, na hakuna aliyeigusa habari hiyo.

Filamu ilionyeshwa Kyebando, kwenye ukumbi, kwa shuka jeupe lililofungwa ukutani. Nilikwenda peke yangu. Mlinzi alisema yuko zamu. Mazimwi walitoka kwenye mafunjo, safari hii katika kinamasi kingine, wakapiga kelele zao, wakafa wote kwa maji ya yule msichana, na ukumbi ukapiga makofi. Mimi nilikuwa nawatambua kwa pua nilizowatengenezea. Sauti ya kwenye pipa iliwaita kutoka mbali hata walipokuwa wanazama, ikiwaamuru wasonge mbele, na hakuna zimwi hata mmoja aliyegeuka nyuma. Watu nyuma yangu walicheka. Kwa siku nyingi baadaye watoto wa mtaa ule walifukuzana wakipiga kelele za Bwana ameamuru, kwa matamshi yangu, safi kabisa, na mama zao wakiwakemea kwa Kiganda.

Mvua zilipokaribia mlinzi aliacha kazi ili arudi kwao kulima. Alikuja saluni mchana, akiwa na begi moja na jembe jipya lililofungwa gazeti. Nilikuwa na mteja kwenye kiti. Nikatoka nje tukasimama kwenye kivuli cha paa. Jeraha la taya lilikuwa limepona, likaacha baka jeupe kando ya kovu la zamani.

Akaniuliza jina la kijiji chetu. Nikamtajia. Aliinamisha kichwa, akalizungusha kichwani, na niliona kwamba anatafuta kwa kweli.

"Sikumbuki," alisema. "Majina hawakutuambia. Walisema tu, nendeni kule."

Akauliza ni akina nani waliobaki kule. Nikamwambia, baba na bibi. Akaomba majina yao pia. Nilisita. Majina hayo sikuwa nimeyatamka mbele ya mtu asiye wa ukoo wetu tangu nifike Kampala. Kisha nikayatamka, yote mawili. Akayarudia kwa sauti ndogo, akakosea la bibi, nikamsahihisha. Hakuomba msamaha, nami sikujua ningemjibu nini kama angeomba. Alivaa kofia, akashika begi na jembe, akavuka barabara katikati ya mikokoteni ya matoke kuelekea yaliko mabasi ya kaskazini.

Nilirudi ndani. Mteja alikuwa amekaa na nusu ya kichwa imesukwa, anatazama simu. Nikashika nywele nikaendelea. Baada ya muda akaninong'oneza kwamba navuta sana, inamuuma. Nikatazama, na kweli, mistari yote niliyosuka baada ya kurudi ilikuwa imekaza mpaka ngozi imeinuka. Nikamwomba radhi, nikaifumua, nikaanza upya.